Nyuso za bibi wa Kimaori: picha za mwaka 1970 na swali la nani mwenye urithi

Mwaka 1970 kijana wa miaka 24 aitwaye Michael King, mwandishi wa habari mjini Hamilton, Nyuzilandi, alikuwa akizunguka vijijini kuwatafuta bibi wa Kimaori, wenyeji wa asili wa nchi hiyo, wenye moko kauae, yaani nembo inayochorwa midomoni na kidevuni. Walikuwa wamebaki wachache, wote wa umri mkubwa, na kila walipozidi kuzeeka ndivyo walivyozidi kupungua. Maneno yao aliweza kuyaandika mwenyewe. Nyuso zao zilihitaji mtu wa kamera, na mtu huyo akawa Marti Friedlander, mpiga picha wa Auckland. Kitabu chao kilitoka mwaka 1972. Mwaka 2010 Friedlander, akiwa na miaka 82, aliikabidhi Te Papa, makumbusho ya taifa mjini Wellington, picha 47 za bibi hao kama zawadi.

Kwa haraka haraka kisa kinaonekana kimekwisha salama: wazee walipigwa picha kabla ya kufariki, picha zikafika mahali pa kutunzwa. Mimi naona kinafaa kuchambuliwa kwa sababu nyingine. Kazi ile ilianza kwa kuamini kwamba moko ya wanawake imefika mwisho, na kwamba kilichobaki ni kuiandikia kumbukumbu. Haikufika mwisho. Leo Nyuzilandi ina wanawake wengi wenye moko kauae, wakiwemo vijana. Kwa hiyo picha zilizopigwa kama kumbukumbu ya marehemu ziligeuka kuwa kitu ambacho wajukuu wanakitumia. Swali langu ni kwa nini picha hizi ziliweza kutumika hivyo, ilhali maelfu ya picha za Wamaori zilizotangulia zimewasumbua wenyewe hadi leo. Jibu langu, nitalitetea hapa chini, ni kwamba kamera haikutosha. Kilichofanya kazi ni jina na nasaba vilivyoambatana na kila uso.

Kwanza, moko yenyewe. Wamaori wanasimulia kwamba ilitoka Rarohenga, ulimwengu wa chini. Mtu aitwaye Mataora alimwoa Niwareka, binti wa huko, kisha akampiga. Niwareka akarudi kwao. Mataora akamfuata, akakuta baba mkwe wake, Uetonga, akiwachora watu nyuso kwa kuikata ngozi, na nembo yake mwenyewe, iliyokuwa imepakwa tu juu juu, ikafutika kwa mkono mbele ya watu. Akachorwa upya kwa maumivu, akaomba msamaha, akarudi juu na mkewe na ule ufundi. Naitaja hadithi hii kwa sababu ndani yake kuna tofauti ambayo itarudi tukifika kwenye mambo ya kamera: nembo iliyopakwa na nembo iliyokatwa.

Kifaa cha zamani kinaitwa uhi, patasi ndogo ya mfupa, mara nyingi wa albatrosi, yule ndege mkubwa wa baharini. Fundi, yaani tohunga ta moko, aliigonga kwa kijiti ikaingia ndani ya ngozi. Wino ulitengenezwa kwa masizi ya utomvu uliochomwa, hasa wa mti wa kauri, utomvu ambao wafanyabiashara wa karne ya 19 waliununua kwa kazi ile ile ya vanishi waliyonunulia sandarusi ya Zanzibar. Ngozi iliyofanyiwa kazi kwa uhi haibaki laini. Inakuwa na mifereji, na kidole kikipita juu yake kinaihisi. Baadaye, kuanzia mwishoni mwa karne ya 19, sindano zilichukua nafasi ya uhi. Sindano inaacha mstari ndani ya ngozi lakini juu ngozi inabaki sawa. Baadhi ya bibi waliokutana na King walikuwa wamechorwa kwa uhi wakiwa wasichana. Wengi zaidi walichorwa kwa sindano, hasa miaka ya 1920 na 1930, na mafundi waliokuwa wakisafiri kutoka kijiji hadi kijiji.

Moko ya wanaume usoni ilikuwa imeachwa zamani, kuanzia miaka ya 1860 na 1870. Ya wanawake iliendelea kwa takriban miaka 80 zaidi, kisha nayo ikanyamaza. Sababu zake hazina siri. Baada ya vita vya Waikato vya 1863 na 1864 serikali ya kikoloni ilitwaa takriban ekari milioni 1.2 za ardhi ya watu wa Waikato. Sheria ya 1907 ilizuia kazi za tohunga, yaani wataalamu wa jadi. Watoto waliadhibiwa shuleni kwa kusema Kimaori. Mwaka 1945 ni takriban robo tu ya Wamaori walioishi mijini, lakini kufikia katikati ya miaka ya 1960 zaidi ya nusu walikuwa huko, wakitafuta kazi kwenye miji ambako uso wenye nembo ulikodolewa macho barabarani. Bibi waliobaki na moko walikuwa wengi wao vijijini, wakiongea Kimaori, wakiheshimiwa nyumbani na kutazamwa kama masalio nje ya nyumbani.

Sasa tuangalie kilichotangulia, maana bila hicho kazi ya 1970 haionekani ukubwa wake.

Wamaori walianza kupigwa picha mapema, na studio za Auckland, Napier, Dunedin na Whanganui zilifanya biashara nzuri kwa sura zao. Mara nyingi mteja hakuwa yule aliyepigwa picha. Mteja alikuwa msafiri au mlowezi aliyenunua kadi ndogo ya kubandika kwenye albamu. Joho na manyoya ya kichwani vilikuwa vifaa vya studio, vikihamishwa kutoka mtu mmoja hadi mwingine, na chini ya kadi yakaandikwa maneno kama "chifu wa Kimaori" bila zaidi. Sisi wa pwani ya Afrika Mashariki tunazijua kadi za namna hii. Kadi za posta zilizochapishwa Zanzibar mwanzoni mwa karne ya 20 zimejaa wanawake waliokaa mbele ya pazia la studio, na maelezo ni kabila tu, basi. Ni nani, binti wa nani, wa mtaa gani, hakuna.

Halafu kulikuwa na tatizo la kemia, ambalo kwangu ndilo lenye uzito kuliko yote. Picha za miaka ya 1860 na 1870 zilipigwa kwenye vioo vilivyopakwa kolodioni, dawa ya picha ya wakati huo, vikatumiwa vikiwa bado vibichi. Kolodioni huona mwanga wa buluu na ule wa zambarau usioonekana kwa macho, lakini karibu haioni nyekundu. Wino wa moko ukikaa miaka ndani ya ngozi huelekea buluu na kijani. Kwa hiyo kwenye kioo mistari ile ilitoka hafifu, ikafanana na ngozi iliyoizunguka, na mara nyingine ikapotea kabisa. Iliyokatwa kwa kina kwa uhi iliweza kuonekana kidogo kwa sababu mifereji yake ilitupa kivuli. Mpiga picha wa Nyuzilandi, Michael Bradley, alionyesha jambo hili waziwazi mwaka 2018. Aliwapiga watu wa leo wenye moko kwa kolodioni, kisha kwa kamera ya kidijitali, akaziweka picha mbili mbili pamoja. Katika moja uso una nembo. Katika nyingine mtu yule yule ana uso mtupu.

Wenye studio wa karne ya 19 walilijua tatizo hilo, na wengine walilitatua kwa penseli na brashi: walichora mistari upya juu ya kioo au juu ya karatasi. Fikiria maana yake kwa kitukuu anayeitazama picha ile leo. Mistari ya moko haikuwa pambo la kuchagua kwenye orodha. Ilibeba ukoo wa mtu, cheo chake na mambo yake. Kama karani wa studio aliyejaza mistari hakuwa na habari na hayo, basi kitukuu anatazama uso wa babu yake ulioandikwa maneno ya mtu mwingine. Kimoja kilifutwa na dawa, kingine kikaongezwa na brashi, na picha ikauzwa kama ushahidi.

Wapo waliokataa. Te Whiti o Rongomai, kiongozi wa Parihaka, kijiji kilichovamiwa na majeshi ya serikali tarehe 5 Novemba 1881 kwa kosa la kupinga uporaji wa ardhi kwa amani, hakukubali kupigwa picha. Makusanyo mengi ya kihistoria huona hilo kama pengo. Mimi naliona kama sehemu ya urithi wenyewe: mzee alitoa uamuzi kuhusu uso wake, na uamuzi ule umebaki.

Ubaya wa picha zisizo na mwenyewe ulijitokeza mwaka 2001. Mkusanyiko mkubwa wa picha za Wamaori wa mto Whanganui, zilizopigwa na William Partington karibu na mwanzo wa karne ya 20, ulipelekwa mnadani Auckland. Watu wa Whanganui walikwenda huko kupinga. Waliokuwa wakiuzwa ni bibi na babu zao. Mnada ukasimamishwa, na mwaka uliofuata picha zikanunuliwa kwa ajili ya Whanganui na kurudishwa, zikatunzwa kwenye makumbusho ya huko. Haki ilipatikana, lakini ilibidi fedha zilipwe ili watu wapate nyuso za wazee wao.

Ukiyaweka haya mezani, unaona kwa nini kazi ya King na Friedlander ilikuwa tofauti, na pia inakofikia mipaka yake.

Friedlander hakuwa Mmaori. Alizaliwa London mwaka 1928 katika familia ya Kiyahudi, akalelewa kwenye kituo cha watoto yatima cha Kiyahudi, akajifunza kazi ya picha kwa miaka mingi ndani ya chumba cha giza akiwachapishia wengine. Aliolewa na daktari wa meno wa Nyuzilandi na kuhamia huko mwaka 1958. Alikuwa mgeni nchini, na nadhani ugeni huo ulimsaidia. Hakukulia kwenye mazoea ya kumpita mwanamke mwenye moko kama anavyopitwa mti. King, kwa upande wake, alikuwa mzaliwa wa nchi lakini mzungu, mwenye asili ya Ireland, na alichukua muda wa kujifunza Kimaori na adabu za kuingia nyumba za watu kabla ya kutoa daftari.

Bibi hawakupelekwa studio. Walifuatwa nyumbani kwao, Waikato na sehemu nyingine za kisiwa cha kaskazini. Hawakuvishwa manyoya ya kuazimwa. Wanaonekana na nguo zao, wengine na kitambaa cheusi kichwani. Mwanga ni ule wa dirishani au wa uani. Filamu ya 1970 ilikuwa inaona rangi zote, kwa hiyo mstari wa kidevuni unaonekana jinsi ulivyo, bila penseli ya mtu. Ukitazama kwa makini unatambua hata kazi ya kifaa. Kwa aliyechorwa kwa sindano, mstari unakaa ndani ya makunyanzi kama sehemu ya ngozi, umetanuka kidogo kwenye kingo. Kwa aliyekatwa kwa uhi, ukingo wa mfereji unashika mwanga. Midomo iliyotiwa wino wote inaonekana nyeusi, na macho juu yake yanakutazama moja kwa moja. Hawa ni watu walioketi wakijua wanafanya nini.

Na kila mmoja ana jina, na mahali pake. Hapo ndipo ninaposimama. Mmaori anapojitambulisha mbele za watu hutaja mlima wake, mto wake, iwi yake, yaani kabila, na wazee waliomtangulia. Hiyo ndiyo whakapapa, nasaba inayomfunga mtu na ardhi na wafu. Uso usio na whakapapa hauna pa kukaa. Unaweza kuning'inizwa ukutani mwa makumbusho kwa miaka 100 na usimwambie mtu lolote. Uso wenye jina unajua wa kwao. Mjukuu akiingia Te Papa leo na kutaja jina la bibi yake, kuna cha kumwonyesha, na yeye naye ana cha kuongeza ambacho mtunza makumbusho hana: alifariki lini, amezikwa wapi, alichorwa pamoja na nani. Picha inaanza kukua badala ya kuzeeka.

Mtu asiyejua maisha ya marae, uwanja wa jamii wenye nyumba ya mikutano, anaweza kudhani nazungumza kwa mafumbo. Hapana. Ndani ya nyumba ya mikutano picha za waliofariki hutundikwa ukutani, na wageni wanapoingia kwa huzuni huwalilia na hao pia. Kwenye tangihanga, yaani msiba, ambao huchukua siku kadhaa, picha za wazee waliotangulia huletwa na kuwekwa karibu na jeneza, ili marehemu asikae peke yake. Watu huzisemesha. Picha ya aliye hai haichanganywi na za wafu. Chakula hakisogezwi karibu nazo, maana kichwa cha mtu ni tapu, kina utakatifu unaozuia kukichezea, na mfano wake vilevile. Mahali penye matumizi kama haya, swali la "picha hii ni ya nani" haliishii kwenye karatasi za makumbusho.

Mipaka sasa. King na Friedlander walikuwa wazungu wawili wakiwaeleza Wamaori kwa taifa lenye wazungu wengi, na kitabu kilikuwa na majina yao wawili. Bibi ndio waliotoa maneno na nyuso. Siwalaumu, maana wangesubiri mtu mwingine bibi wengi wangekuwa wameondoka. Lakini mtazamo wa "hawa ndio wa mwisho" una hatari yake. Unawafanya wenye mali waonekane kama wameshaondoka na wakati bado wamekaa mbele yako. Unamfanya msomaji ahuzunike badala ya kuuliza nani alisababisha. King mwenyewe aliendelea kuandika juu ya Wamaori, kisha katika miaka ya 1980, sauti za Wamaori zilipodai waandike historia yao wenyewe, akajiondoa kwa kiasi kikubwa kwenye uwanja huo. Namheshimu kwa hilo kama ninavyomheshimu kwa kazi ya kwanza. Alifariki kwa ajali ya gari mwaka 2004.

Kati ya kazi ile ya kwanza na kujiondoa kwake kuna hatua muhimu. Mwaka 1974 televisheni ya Nyuzilandi ilirusha mfululizo wa vipindi sita vilivyoandikwa na King na kuongozwa na Barry Barclay, mwenye asili ya Kimaori, na kimojawapo kiliwarudia bibi wenye moko wa Waikato, akiwemo Herepo Rongo. Barclay aliweka kamera mbali na kutumia lenzi ndefu, ili bibi waongee wao kwa wao bila kuzungukwa na mafundi. Ni uamuzi mdogo wa kiufundi, lakini adabu yake ni ya marae: mgeni hukaa mahali pake na kusikiliza, mwenyeji ndiye anayepanga mazungumzo. Picha za 1970 zilikuwa zimemleta mtazamaji karibu na uso. Vipindi vya 1974 vilimfundisha kukaa umbali unaostahili.

Baada ya hapo mambo yalikwenda kwa njia ambayo mkusanya kumbukumbu hawezi kuipanga. Mwaka 1972 ombi lenye saini zaidi ya 30,000 lilipelekwa Bungeni kudai Kimaori kifundishwe shuleni. Mwaka 1982 zilianza kohanga reo, shule za chekechea zinazolea watoto kwa Kimaori, ambako bibi na babu walikuwa ndio walimu. Mwaka 1987 Kimaori kikawa lugha rasmi. Mafundi wa moko waliibuka tena, wengine wakarudia uhi. Mwaka 2016 Nanaia Mahuta, mbunge wa Waikato, alichorwa moko kauae, na mwaka 2020 akawa waziri wa mambo ya nje akiwa na nembo hiyo kwenye kila mkutano. Desemba 2021 Oriini Kaipara alisoma taarifa ya habari ya jioni kwenye televisheni ya taifa zima akiwa na moko kauae.

Picha za Friedlander hazikuleta hayo. Lugha, ardhi, siasa na ubishi wa wanawake wenyewe ndivyo vilivyoyaleta. Lakini mwanamke anayejiandaa kuchorwa leo huuliza kwanza nani katika ukoo wake alikuwa na moko na ilikaaje, na hapo picha yenye jina, iliyopigwa kwa filamu inayoona mistari yote, ina kazi ambayo kadi ya studio ya 1870 haiwezi. Fundi anaweza kuona mkunjo wa mstari chini ya mdomo ulivyokuwa kwa bibi, na familia ikaamua kama ufuatwe au usifuatwe. Uamuzi ni wao. Picha ni shahidi tu.

Kilichobaki bila kutatuliwa ni sheria. Sheria ya hakimiliki ya Nyuzilandi ya 1994 inamtambua mpiga picha au aliyeagiza picha. Aliyeketi mbele ya kamera, na watoto wake, hawamo. Picha za karne ya 19 haki zake zimekwisha muda, kwa hiyo ziko wazi kwa yeyote, na sasa makumbusho yanapoziweka kwenye intaneti zinafika kila mahali ndani ya dakika moja. Mwaka 1991 Wamaori kutoka iwi kadhaa walifungua madai yanayojulikana kama Wai 262 mbele ya Baraza la Waitangi, chombo kinachosikiliza madai ya Wamaori dhidi ya serikali, kuhusu nani mwenye usemi juu ya maarifa, sanaa na vitu vingine vya thamani vya Wamaori. Ripoti ilitoka miaka 20 baadaye, 2011. Ilipendekeza kuwepo chombo cha kusikiliza malalamiko pale kazi za Kimaori zinapotumiwa kwa namna ya kudhalilisha, na walinzi wake wa jadi washirikishwe kabla hazijatumiwa kibiashara. Mapendekezo hayo yamekwenda polepole sana.

Kwa hiyo leo ulinzi wa picha za wazee unategemea adabu ya taasisi inayozishika. Makumbusho yenye watunzaji wa Kimaori huuliza familia kwanza. Mfanyabiashara wa fulana na vikombe haulizi. Bunge lilionyesha mwaka 2014 kwamba likitaka linaweza: lilitunga sheria mahususi kwa ajili ya haka moja, yaani ngoma ya Kimaori ya maneno na vitendo, iitwayo Ka Mate, inayowapa watu wa Ngati Toa haki ya kutajwa kama wenyewe pale inapotumiwa kibiashara. Sheria ile ni ndogo, inadai kutajwa tu, lakini inataja wenyewe kwa jina la iwi yao. Bibi aliyepigwa picha mwaka 1890 akiwa na moko yake hana hata hiyo. Anayetaka kuchapisha uso wake kwenye kikombe cha chai, kitu ambacho kwao ni tusi kubwa kwa kuwa kinaweka kichwa cha mzee pamoja na kinywaji, sheria ya hakimiliki haimzuii.